Miguu ya Josephine

Mwaka 1927 huko Paris ilipigwa sinema moja ambayo, kusema kweli, si nzuri. Hadithi yake imekonda, wahusika wake wengi ni kama vikaragosi, na mwisho wake unakera. Inaitwa La Sirène des Tropiques, tuseme Nguva wa Nchi za Joto. Nimeitazama mara nne. Si kwa ajili ya hadithi, wala si kwa ajili ya yule kijana mzungu mwenye nywele za kupaka mafuta. Nimeitazama kwa sababu ya miguu ya msichana mmoja wa miaka 21 ambaye, kila anapoanza kucheza, hadithi nzima inasimama kando kama mgeni asiyejua aketi wapi.

Msichana huyo ni Josephine Baker. Wengi wetu tunamjua kwa picha moja tu, ile ya sketi ya ndizi. Picha hiyo imebandikwa kwenye kadi, fulana na kuta za baa, na watu wameridhika nayo. Lakini sketi ya ndizi ni jukwaa, na jukwaa likifungwa pazia limekwisha. Sinema imebaki. Na sinema hii ni bubu: hakuna neno linalosikika, hakuna wimbo, hata kisigino kikigonga sakafu hukisikii. Kwa hiyo unachobaki nacho ni mwili wenyewe na jinsi unavyofikiri. Ndiyo, nasema unavyofikiri. Nitarudi kwenye hilo.

Tuanze na alikotoka, maana bila huko miguu ile haieleweki. Josephine alizaliwa tarehe 3 Juni 1906 mjini St. Louis, Missouri, na jina lake la utotoni lilikuwa Freda Josephine McDonald. Mama yake, Carrie, alifua nguo za watu. Mtoto alipofika miaka minane alikuwa ameshapelekwa kufanya kazi za ndani kwa wazungu, na mwenyewe alisimulia kuwa mwajiri mmoja alimuunguza mkono kwa maji ya moto. Julai 1917, alipokuwa na miaka 11, zilitokea ghasia za East St. Louis, ng'ambo tu ya mto Mississippi, ambako watu weusi waliuawa na nyumba zao kuchomwa moto. Waliokimbia walivuka daraja kuja upande wa akina Josephine. Jambo hilo hakulisahau, alilizungumzia hata alipokuwa mtu mzima mwenye jina duniani.

Akaolewa akiwa na miaka 13. Ndoa ikavunjika mapema. Akajiunga na kikundi cha wasanii wa kuzunguka, si kama mcheza dansi hasa, bali kama mvalishaji wa wenzake: kufunga vifungo, kunyoosha soksi, kushona kilichofumuka. Mwaka 1921 akaolewa tena, na mume huyo wa pili ndiye aliyemwachia jina la Baker. Mume alimwacha nyuma, jina akaondoka nalo.

Mwaka huohuo wa 1921 mchezo wa muziki uitwao Shuffle Along ulikuwa umewasha moto New York. Ulitungwa na kuchezwa na watu weusi. Josephine akaenda kujaribu bahati, akakataliwa. Alikuwa hajafikisha miaka 16, tena wakamwona mwembamba mno na mweusi mno. Usishangae, msomaji. Hata ndani ya mchezo wa weusi, safu ya mabinti wa kucheza ilichaguliwa kwa rangi, wenye maji ya kunde walitangulia. Basi akarudi kwenye kazi ileile ya kuvalisha watu. Akiwa pembeni ya jukwaa, nguo za wenzake mkononi, akajifunza kila hatua. Siku msichana mmoja wa safu alipokosekana, akaingia yeye.

Alipoingia alifanya kitu ambacho mimi nakiona ndicho chanzo cha yote. Aliwekwa mwisho wa safu. Kulikuwa na desturi kwamba binti wa mwisho ndiye mchekeshaji: anajifanya amesahau hatua, anapotea, halafu mwishoni anacheza kuliko wote. Josephine akafanya makengeza, akapinda magoti, akajikwaa kwa makusudi. Wenzake wakamchukia, watazamaji wakaanza kumuulizia. Aliyekataliwa kwa kutolingana na safu akaigeuza kule kutolingana kuwa kazi yake. Mwaka 1924 akawa Broadway ndani ya The Chocolate Dandies, na miguu yake ikawa inajulikana.

Hapa niseme neno kuhusu dansi yenyewe, kwa sababu tunaongea kana kwamba Charleston ilizaliwa Ulaya pamoja na nguo fupi. Hapana. Ni dansi ya watu weusi wa Marekani, ya watoto wa mitaani na wa magatini kusini mwa nchi ile, kabla haijafika kwenye kumbi za matajiri. Iliyoipa mbawa ni nyimbo ya James P. Johnson katika mchezo wa Runnin' Wild mwaka 1923. Baada ya hapo kila binti wa mjini aliyekata nywele akataka kuicheza. Tazama jinsi ilivyo: magoti yanaingia ndani na kutoka nje, nyayo zinageuka, mikono inakwenda kinyume na miguu. Huwezi kuicheza ndani ya korseti. Huwezi kuicheza huku umeshikwa kiuno na bwana anayekuongoza. Waltz inahitaji mwanamume wa kukuzungusha, Charleston unaicheza peke yako. Nadhani wazee wa wakati ule waliliona hili haraka kuliko vijana, ndiyo maana walipiga kelele sana.

Septemba 1925 Josephine akapanda meli ya Berengaria kwenda Ufaransa. Alikuwa na miaka 19. Mama mmoja Mmarekani, Caroline Dudley, alikuwa anapeleka kikundi cha wasanii weusi kwenye ukumbi wa Théâtre des Champs-Élysées, na kati yao walikuwamo Claude Hopkins na bendi yake, pamoja na Sidney Bechet na klarineti yake. Onyesho liliitwa La Revue Nègre na lilifunguliwa tarehe 2 Oktoba 1925.

Sasa sikiliza kilichotokea katika siku zile chache za mazoezi. Wenye ukumbi walipotazama, wakaona wasanii hawa wanapiga viatu sakafuni kwa ufundi wa New York, wamevaa kijiji cha Kimarekani, wanaimba Kimarekani. Wakasema haitoshi. Wafaransa walikuwa wanasubiri Afrika. Akaitwa bwana mmoja fundi wa maonyesho, Jacques Charles, akabuni dansi mpya, akaiita Danse sauvage, dansi ya kishenzi. Josephine akavishwa manyoya, akabebwa kuingia jukwaani na mwenzake Joe Alex, kifua wazi. Afrika hiyo haikuwa Kongo wala Senegal. Ilitungwa Paris na Mfaransa, ikachezwa na binti wa Missouri ambaye hajawahi kukanyaga Afrika. Na mji mzima ukaamini.

Nilipoisoma habari hii mara ya kwanza nilicheka peke yangu, cheko la mtu aliyekumbushwa kitu. Niliwahi kucheza na kikundi kimoja cha ngoma kilichokuwa kikialikwa kwenye hoteli ya ufukweni kila Jumamosi. Tulikuwa mabinti watano na wapiga ngoma watatu, wote watoto wa mjini, tunajua sindimba kiasi na tunajua zaidi muziki wa redio. Meneja wa hoteli akaangalia mazoezi yetu akasema ni mazuri lakini wageni hawataelewa, eti tuvae ngozi za chui (za kitambaa, zilizochapwa madoa) na tupige mayowe kidogo. Tukavaa. Tukapiga mayowe. Mshiko tukapata. Na nikwambie ukweli, katikati ya mayowe yale kulikuwa na dakika kama mbili ambapo ngoma ilichanganya, na mimi sikuwa na habari na chui wala mgeni wala meneja. Dakika hizo mbili zilikuwa zangu. Sijawahi kuamua kama dakika zile zinahalalisha zile nyingine. Ndiyo maana Josephine ananihusu.

Tuendelee. Mwaka 1926 akahamia Folies Bergère, na huko ndiko ndizi zilikofungwa kiunoni. Kabla ya hapo, kikundi kilipita Berlin, na Max Reinhardt, bwana mkubwa wa tamthilia za Kijerumani, akataka abaki amfunze uigizaji. Josephine akachagua Paris na mkataba wa Folies Bergère. Desemba 1926 akafungua klabu yake mwenyewe, Chez Joséphine, mtaa wa Fontaine. Fikiria: ana miaka 20, miaka mitano tu iliyopita alikuwa anavalisha wenzake, sasa mlango una jina lake.

Ndipo sinema ikamjia, majira ya joto ya 1927. Hadithi iliandikwa na Maurice Dekobra, mwandishi wa riwaya zilizouzwa kama njugu wakati ule. Waongozaji walikuwa Henri Étiévant na Mario Nalpas. Msaidizi mmoja alikuwa kijana wa Kihispania aitwaye Luis Buñuel, ambaye baadaye alikuja kuwa Buñuel tunayemjua. Katika kumbukumbu zake alilalamika kwamba nyota huyu alichelewa sana na alikuwa na vituko. Sikatai. Lakini hesabu mwenyewe saa za binti yule: jioni yuko Folies Bergère, usiku wa manane yuko kwenye klabu yake anacheza na wateja hadi alfajiri, halafu asubuhi kamera inamsubiri chini ya taa kali. Wanaume wengi waliosimulia ukaidi wake walikuwa wamelala usiku.

Hadithi yenyewe ni hivi. Tajiri mmoja wa Paris, Marquis Sévéro, anamtamani Denise, binti aliye chini ya malezi yake. Denise anampenda kijana mhandisi, André. Basi tajiri anampeleka André kufanya kazi kisiwani Antilles, na kumwandikia msimamizi wake wa huko ahakikishe kijana harudi. Kisiwani kuna Papitou, binti wa kucheza na kukimbia, huyo ndiye Josephine. Anampenda André. André anarudi Ufaransa. Papitou hana nauli, kwa hiyo anafanya kile ambacho vijana wa bandari zetu wanakijua vizuri: anazamia meli.

Humo melini kuna kituko ambacho kimenisumbua kuliko vyote. Papitou akijificha anaangukia kwenye makaa ya mawe, anatoka mweusi tii kama masizi. Abiria wanapiga kelele. Anakimbia, anaangukia kwenye unga, anatoka mweupe pe kama mzuka. Abiria wanapiga kelele tena. Watazamaji wa 1927 walicheka, na hata leo ukitazama na watu ukumbini kuna watakaocheka. Mimi naona kuwa aliyetunga kituko hiki alisema zaidi ya alivyokusudia. Ngozi ya mtu hapa ni vumbi tu la kubebwa na kupanguswa; akiwa mweusi wanamkimbiza, akiwa mweupe bado wanamkimbiza. Na msichana mwenyewe katikati ya masizi na unga anafanya yaleyale makengeza ya mwisho wa safu. Ametoka nayo St. Louis mpaka Atlantiki.

Akifika Paris anagunduliwa, anapandishwa jukwaani, anacheza Charleston, ukumbi unasimama. Hapo ndipo Papitou na Josephine wanakuwa mtu mmoja, na hapo ndipo sinema mbovu inageuka kuwa nzuri kwa dakika kadhaa.

Niliahidi kurudi kwenye mwili unaofikiri. Dansi katika filamu bubu ni jambo la ajabu ukilitafakari. Na si jambo la bahati mbaya: tangu siku za mwanzo kabisa za kamera, miaka ya 1890, kampuni ya Edison ilimpiga picha Annabelle akicheza dansi ya nyoka kwa vitambaa virefu, na picha zile zikapakwa rangi moja moja kwa mkono. Kamera ilitafuta kitu kinachotembea, na hakuna kinachotembea kuliko mcheza dansi. Kwa hiyo mwanamke anayecheza alikuwamo ndani ya sinema kabla sinema haijajua kusimulia hadithi. Muziki ulikuwa nje, wa mpiga piano au okestra aliyekaa chini ya kitambaa cheupe. Kila ukumbi na piano yake, kila usiku na mwendo wake. Maana yake ni kwamba mcheza dansi hakuweza kuutegemea muziki umbebe. Ilibidi mdundo uonekane.

Kuna na suala la mwendo. Kamera nyingi za siku zile zilizungushwa kwa mpini, mkono wa mpiga picha ndio uliokuwa saa. Ziliingia picha 16, 18, 20 na zaidi kwa sekunde, ilitegemea. Sauti ilipokuja, mwendo ukafungwa kwenye picha 24, kwa kuwa sauti haivumilii mkono wa mtu. Ndiyo sababu sinema nyingi za zamani, zikipitishwa kwenye mashine za baadaye bila kurekebishwa, watu wanatembea kama kuku waliotishwa. Tumezoea kucheka tukidhani watu wa kale walikuwa hivyo. Sasa mchukue Josephine, ambaye hata kwa mwendo wa kweli alikuwa kasi, umtazame kwenye nakala iliyorekebishwa vizuri. Utaona kitu ambacho nakala mbovu inakificha: anatulia. Kati ya goti kuingia na goti kutoka kuna sehemu ndogo sana ya kusimama, kama mtu anayeamua. Anakuchelewesha. Wazungu wa wakati ule waliandika kurasa na kurasa kuhusu silika, damu, msitu, mnyama. Hakuna silika hapo, jamani. Ni hesabu. Ni mtu aliyekaa pembeni ya jukwaa na nguo za wenzake mkononi akihesabu hatua.

Mwaka huohuo wa 1906, tarehe 14 Novemba, alizaliwa binti mwingine huko Cherryvale, Kansas, jimbo linalopakana na Missouri. Louise Brooks. Naye alikuwa mcheza dansi kabla ya yote. Akiwa na miaka 15, mwaka 1922, aliondoka nyumbani kwenda New York kusoma Denishawn, kikundi cha Ruth St. Denis na Ted Shawn, alikokuwako pia Martha Graham. Mwaka 1924 Ruth St. Denis akamfukuza mbele ya wenzake wote kwa kiburi. Akaenda London akacheza Charleston kwenye Café de Paris, akarudi akaingia Ziegfeld Follies, kisha Paramount wakampa mkataba. Mwishoni mwa 1928, studio ilipomnyima nyongeza ya mshahara kwa kisingizio cha ujio wa sauti, aliacha kazi akapanda meli kwenda Berlin, ambako G. W. Pabst alimtaka awe Lulu katika Die Büchse der Pandora.

Mwanzoni mwa filamu hiyo, iliyotoka 1929, mzee Schigolch anapiga kinanda cha mdomo na Lulu anamchezea kidogo sebuleni. Kitambo kifupi tu. Louise aliandika baadaye kwamba ni siku hiyo Pabst alipotambua kuwa huyu ni mcheza dansi wa kazi. Ukishajua hilo unaona filamu nzima vingine: anavyokaa, anavyogeuka mlangoni, anavyocheza na Countess Geschwitz kwenye harusi yake mwenyewe huku wanaume wakiwatazama na kukosa la kufanya.

Nawaweka pamoja kwa sababu moja. Louise alipewa hadithi kubwa, mwongozaji mkubwa, kamera iliyompenda. Josephine alipewa hadithi ya kitoto na kituko cha unga. Wote wawili, umri mmoja, dansi moja. Tofauti ya walichopewa ina rangi, na hilo halihitaji maelezo marefu. Hata hivyo Lulu anakufa kwa kisu, na Papitou anaishi. Papitou anagundua kuwa André anampenda Denise, basi anajitoa, anawaachia wapendanao njia. Mwisho huo ndio niliosema unakera. Wakausafisha tena kwenye Zouzou mwaka 1934, wakaurudia kwa namna nyingine kwenye Princesse Tam-Tam mwaka 1935: sinema tatu, na katika zote tatu binti mweusi hampati yule mzungu anayempenda. Waandishi waliweza kumpa ukumbi mzima wa kumshangilia, hawakuweza kumpa mtu wa kurudi naye nyumbani.

Kuna rafiki yangu, mshairi, tuliyebishana naye mpaka saa nane usiku juu ya jambo hili. Hoja yake ni kwamba Josephine alicheza ndani ya tundu na kulifanya tundu lipendeze, na kwamba kumwita huru ni kuwasaidia waliolitengeneza. Ana ushahidi mzuri: ndani ya Zouzou, sauti ikiwa sasa imeingia, Josephine anaimba akiwa amevaa manyoya, ameketi kwenye bembea, ndani ya tundu kubwa la ndege. Tundu la kweli kabisa! Huhitaji kuwa mshairi kuliona.

Mimi nilimjibu kwa mambo mawili. La kwanza, tazama nani aliogopa. Mwaka 1928 alipokwenda Vienna kulikuwa na upinzani mkali wa makasisi na wanasiasa, na mwaka 1929 polisi wa Munich walimzuia asionyeshe. Kitu kilichofungwa salama ndani ya tundu hakizuiwi na polisi. La pili, tazama alichofanya na pesa na jina alilolipata kwa miguu ile. Alipata uraia wa Ufaransa mwaka 1937, vita ilipokuja akabeba habari za siri kwa ajili ya wapinzani wa Wanazi, akapewa nishani ya Croix de guerre. Marekani alikataa kuonyesha kwenye kumbi zilizobagua watazamaji. Tarehe 28 Agosti 1963 alisimama Washington na kuhutubia kwenye maandamano yaleyale ya Martin Luther King, amevaa sare yake ya kijeshi ya Ufaransa. Alikufa tarehe 12 Aprili 1975, siku nne tu baada ya kufungua onyesho jipya Paris. Na tarehe 30 Novemba 2021 Ufaransa ikamwingiza Panthéon, mwanamke mweusi wa kwanza kuwekwa humo.

Rafiki yangu akasema hayo yote ni baada ya dansi, si dansi. Hapo alinipata kidogo. Ni kweli kwamba tunapenda kumsafisha mcheza dansi kwa nishani, kana kwamba kucheza peke yake hakutoshi, lazima awe pia jasusi ndipo tumheshimu. Wasichana wengi waliocheza Charleston mwaka 1927 hawakuwa majasusi. Walirudi kazini Jumatatu, kwenye mashine za chapa na meza za kufungia vifurushi. Walichopata Jumamosi usiku nani aseme si kitu?

Niongeze na hili, kwa kuwa mara nyingi husemwa Josephine ndiye mwanamke mweusi wa kwanza kuongoza filamu. Kwa sinema kubwa za Ulaya, sawa. Lakini Marekani, Oscar Micheaux, mtengenezaji filamu mweusi, alikuwa ameshampa Evelyn Preer nafasi kubwa katika The Homesteader mwaka 1919 na Within Our Gates mwaka 1920. Filamu hizo zilionyeshwa kwenye kumbi za weusi, na ile ya kwanza imepotea. Evelyn Preer hana fulana wala kadi. Anastahili makala yake, na kama kuna mmoja wenu ana nafasi ya kuiandika, namwachia.

La Sirène des Tropiques ilitoka Desemba 1927. Miezi miwili kabla, tarehe 6 Oktoba, New York walikuwa wameonyesha The Jazz Singer, na mtu aliyejipaka masizi usoni akaimba, na sauti yake ikasikika. Kwa hiyo Papitou alifika wakati mlango unafungwa. Sinema bubu ilikuwa imebakiza miaka michache tu ya kuvuta pumzi. Josephine akajifunza kuimba, na mwaka 1930 akaanza kuimba J'ai deux amours pale Casino de Paris, sauti nyembamba ya juu, nzuri kwa namna yake. Umaarufu ukaongezeka.

Lakini ukiipata ile sinema ya 1927, na siku hizi inapatikana kwenye diski, fanya hivi. Muziki waliouweka baadaye uzime kabisa. Ruka habari za Marquis, ruka Denise na machozi yake. Nenda moja kwa moja hadi pale Papitou anapopandishwa jukwaani Paris. Usimtazame usoni kwanza, maana uso wake utakuiba kwa makengeza yale. Tazama magoti.